Gemu za ndege za vita si kamari, lakini Kipevu yetu haimo

Mzazi mmoja wa hapa Jomvu Kuu alinijia baada ya swala ya Ijumaa na lalamiko. Mwanawe amemaliza kidato cha nne, na sasa hushinda kwenye kompyuta "akicheza ndege". Mzee alikuwa amesikia habari za Aviator, akawa na yakini kwamba mtoto ameshaingia kwenye kamari. Nilipozungumza na kijana mwenyewe nikakuta ni kitu kingine kabisa. Wazazi wengi wanachanganya mambo haya mawili, na kuchanganya huku kunaleta madhara: mcheza kamari anaachwa kwa kudhaniwa anacheza tu, na anayejifunza kitu anagombezwa bure. Basi leo nayaeleza moja baada ya jingine.

Aviator ni kamari. Mchezaji anaweka pesa, kindege kinaonekana kikipaa, na kadiri kinavyopaa ndivyo kiwango cha malipo kinavyopanda. Ukitoa pesa zako kabla hakijatoweka, umeshinda. Kikitoweka nawe bado umo, zimekwenda. Hakuna urubani hapo, kwani huongozi chochote. Wakati wa kutoweka huamuliwa na programu kwa bahati nasibu, na kutazama mizunguko iliyopita hakukusaidii kujua unaofuata. Anayekuuzia "siri" ya kushinda anakula pesa zako mara ya pili. Hii ndiyo maysir iliyotajwa katika Suratul Maida, aya ya 90, pamoja na ulevi. Haina mjadala.

Alichokuwa akicheza yule kijana ni gemu ya kuiga urushaji wa ndege za vita za zamani. Gemu za aina hii zina umri mkubwa kuliko wachezaji wake wengi. Kampuni ya Microsoft ilitoa Combat Flight Simulator mwaka 1998. Mwaka 2001 Warusi wakatoa IL-2 Sturmovik, iliyochukua jina la ndege ya Kisovieti iliyoshambulia vifaru vya Wajerumani. Siku hizi ipo pia War Thunder, ambayo kuipakua ni bure, ingawa ndani yake kuna vitu vinavyouzwa, kwa hiyo mzazi aangalie.

Tofauti ya gemu hizi na michezo mingine ya kupigana ni hesabu. Kila sehemu ndogo ya sekunde kompyuta hupiga hesabu ya mwendo wa ndege, uzito wake, pembe ya bawa, wepesi wa hewa kule juu na joto la injini. Ukiinua pua kupita kiasi huku mwendo ni mdogo, hewa haishiki tena bawa, na ndege inaanguka kama dafu. Ukiikamua injini kwa nguvu zote kwa muda mrefu, inachemka na kufa. Mchezaji anayebonyeza vidude ovyo hafiki hata mwisho wa uwanja wa kurukia.

Wazo la kumfunza rubani bila kumpandisha angani si geni. Mwishoni mwa miaka ya 1920 Mmarekani Edwin Link, ambaye babake alikuwa na kiwanda cha vinanda, alichukua mivuo ya vinanda akaiweka chini ya kibanda chenye umbo la ndege. Ukigeuza usukani, mivuo inajaa au kutoa hewa, kibanda kinalala upande. Marubani wengi wa Vita vya Pili vya Dunia walianza masomo yao ndani ya kibanda hicho. Kompyuta ya kijana wetu ni mjukuu wa mivuo ile.

Sasa nije kwenye jambo linalotuhusu sisi watu wa pwani. Italia iliingia vitani tarehe 10 Juni 1940, na wakati huo ilikuwa imeshika Ethiopia na sehemu kubwa ya Somalia. Kesho yake ndege za jeshi la Afrika Kusini zilizokuwa Kenya zikapiga upande wa Waitaliano huko Moyale. Siku mbili baadaye ndege za Italia zikapiga Wajir. Kabla mwaka haujaisha mabomu yakaangukia Malindi, mji wa wavuvi na wafanyabiashara ambao haukuwa umemtangazia mtu vita.

Katika anga la Afrika Mashariki zilikutana ndege mbili ambazo vijana wetu wanazirusha kwenye skrini: Hurricane ya Uingereza na Fiat CR.42 ya Italia. Hurricane ilikuwa na bawa moja kila upande, bunduki 8, na mwendo uliozidi kidogo kilomita 500 kwa saa. CR.42 ilikuwa na mabawa mawili yaliyopandana, kama ndege za vita vya kwanza, na mwendo wa kilomita 440 hivi. Mtu atasema Hurricane ilishinda kabla ya kuanza. La. CR.42 ilikata kona fupi sana, na rubani wa Hurricane aliyekubali kuzungushana nayo alikuwa ameitupa faida yake mwenyewe. Alitakiwa aje kutoka juu, apige, apite, kisha apande tena. Kimo ni kama akiba ya chama: ukiwa nacho unakigeuza mwendo siku ya dhiki, na ukikimaliza chote unabaki kuomba.

Hurricane za mwanzo zilikuwa pia na ila moja. Rubani akisukuma pua chini ghafla, mafuta yalipanda juu ya kabureta na injini ikazima kwa muda, wakati adui yuko nyuma. Mhandisi mwanamke wa Kiingereza, Beatrice Shilling, alilipunguza tatizo hilo mwaka 1941 kwa kipande kidogo cha chuma chenye tundu kilichodhibiti mafuta. Gemu nzuri huiiga ila hiyo, na injini hukohoa kwelikweli. Kijana akiuliza kwa nini, ameshaanza somo la fizikia ambalo darasani huenda lilimlaza usingizi.

Lakini muulize kijana huyo huyo juu ya Kipevu. Stalingrad anaijua, Normandy anaijua, Malta anaijua, kwa sababu ndizo ramani zinazotengenezwa. Hajui kwamba uwanja wa Moi, ambao ndege zake tunazisikia kila siku, ulianza kama uwanja wa Port Reitz, uliojengwa na wahandisi wa jeshi la Afrika Kusini wakati wa vita hivyo. Hajui kwamba mwaka 1942, baada ya Wajapani kuishambulia Ceylon, meli za kivita za Uingereza zilizokuwa kule zilihamishia makao Kilindini. Hajui kwamba Kipevu, mwendo mfupi kutoka hapa, ilikuwa kituo cha ndege za maji aina ya Catalina zilizotua juu ya maji ya hori letu. Kikosi namba 259 cha jeshi la anga la Uingereza kiliundwa papo hapo Kipevu mwezi Februari 1943.

Catalina ilikuwa ndege ya mwendo wa pole, lakini iliweza kukaa angani zaidi ya saa 15 ikitafuta nyambizi. Kazi hiyo haikuwa mchezo. Februari 1944 meli ya Khedive Ismail iliondoka Kilindini kwenda Ceylon katika msafara. Tarehe 12, karibu na Maldives, nyambizi ya Kijapani I-27 iliipiga, ikazama kwa muda wa dakika mbili hivi. Walikufa watu wapatao 1,300. Wengi wao walikuwa askari wa mizinga wa Afrika Mashariki, vijana wetu waliovishwa sare na kupelekwa kwenye vita vya wengine. Hakuna gemu inayomwonyesha kijana wa Jomvu msiba huo, nasi wazee hatukumsimulia.

Hapo ndipo pana kasoro mbili za gemu hizi. Ya kwanza, historia yake ni ya wenye pesa za kuitengeneza. Ya pili ni nzito zaidi: ukiwa juu, mji ulio chini ni visanduku tu. Unaangusha bomu, unapata alama, unageuka. Aliyekuwa Malindi mwaka 1940 hakuona alama, na anayetazama habari za Gaza leo anajua bomu linaangukia nyumba ya nani. Kijana aambiwe hilo waziwazi, tena na mtu anayemheshimu.

Kwa wazazi, ushauri wangu ni huu. Kabla ya kuzima umeme, kaa naye nusu saa umuulize mambo matatu. Je, gemu inataka uweke pesa kwa M-Pesa ili upate pesa zaidi? Ikiwa ndiyo, ni kamari, ikomeshwe. Je, anaweza kukueleza kwa nini ndege yake imeanguka? Akiweza, kuna anachojifunza. Na je, adhana inamwinua kwenye kiti? Kama haimwinui, hata gemu ya halali imeshavuka mpaka.

Kwa vijana, IL-2 ina sehemu ya kujitungia safari zako mwenyewe. Wapo kwengineko waliojifunza programu kwa njia hiyo na kuongeza ndege na ramani ambazo kampuni haikuzitia. Hakuna anayewazuia kuitia Kipevu, hori la Port Reitz na Catalina zikirudi alfajiri. Ila kompyuta haitawapa yaliyoonwa kutoka ufuoni. Aliyekuwa na miaka 10 mwaka 1943 sasa amepita 90, na waliobaki ni wachache. Nendeni mkakae nao barazani na simu zenu, mrekodi sauti zao, kisha ndipo mfungue kompyuta.