Shahed: Silaha Iendayo Isirudi

Asubuhi ya tarehe 17 Oktoba, 2022, wakazi wa Kyiv, mji mkuu wa Ukraine, wakiwa ndiyo kwanza wanatoka majumbani kwenda kushika kazi zao, walisikia angani mngurumo wa kukwaruza, mithili ya pikipiki ndogo inayopandishwa mlima, wakainua nyuso na kuona kitu chenye umbo la pembetatu kikipita juu ya mapaa, na polisi waliokuwa barabarani wakakifyatulia bunduki zao za mkononi. Haukupita muda, jengo la makazi karibu na stesheni kuu ya reli likaporomoka upande mmoja, na miongoni mwa maiti zilizofukuliwa katika kifusi zilikuwamo za mwanamke mjamzito na mumewe.

Silaha iliyoleta msiba ule huitwa Shahed-136. Ilibuniwa Iran, na Urusi, iliyoipa jina la Geran-2, ndiyo iliyoitumia kwa wingi uliopita wa taifa jingine lolote. Ukiitazama ikiwa imelazwa chini haina haiba ya ndege ya vita: ni pembetatu ya mabawa, urefu wake mita 3.5 hivi na upana mita 2.5, uzito wake kiasi cha kilo 200, na nyuma kabisa imefungwa injini ndogo ya petroli, iliyonakiliwa kutoka injini ya Kijerumani iitwayo Limbach, inayozungusha rafadha yenye mapanga mawili. Puani imebeba baruti ya kilo 40 hadi 50. Haina magurudumu wala haihitaji uwanja. Hupangwa katika fremu iliyoinamishwa juu ya lori, ikasukumwa na roketi ndogo ambayo huanguka ikiisha kazi yake, kisha ndege hushika njia iliyoandikiwa kabla ya kuondoka, ikiongozwa na vipimo vilivyomo ndani yake na ishara za setilaiti, kwa mwendo usiofika kilomita 200 kwa saa, mpaka mamia ya kilomita yaishe na ijitupe juu ya shabaha yake.

Jambo hili linataka kufahamika vizuri. Shahed za awali hazikuwa na jicho. Hazikuweza kumfuata askari akimbiaye wala kifaru kiendacho, bali ziliweza kufika mahali pasipoondoka tu: kituo cha umeme, ghala, bandari, nyumba. Ndiyo sababu katika majira ya baridi ya mwaka 2022 zilielekezwa kwenye mitambo ya umeme, wazee na watoto wachanga wakakaa gizani bila moto wa kuwapasha. Chombo kisichoona hakiwezi kuhurumia, na dhima yote humrudia yule aliyeandika anwani kabla hakijaruka.

Fikra yenyewe ni kongwe. Mwaka 1918 Mmarekani Charles Kettering alitengeneza ndege ndogo ya mbao isiyo na rubani, iliyokusudiwa kwenda umbali maalumu na kuanguka pamoja na baruti yake, lakini Vita vya Kwanza vya Dunia viliisha kabla haijatumika. Wajapani, tangu Oktoba 1944 katika bahari ya Ufilipino, waliwatia vijana wao ndani ya ndege wajigonge nazo kwenye manowari za Marekani, na kutoka kwao ndiko lilikotoka jina la kamikaze, ambalo leo hupewa pia silaha za namna hii. Katika miaka ya 1980 Wajerumani na Waisraeli walishughulikia ndege za pembetatu za kushambulia rada za adui, na ile ya Waisraeli, Harpy, iliuzwa hata ng'ambo. Iran, ambayo vikwazo viliizuia kununua ndege za kisasa, ilishika njia hiyo hiyo kwa bidii kubwa. Tarehe 14 Septemba, 2019 droni, yaani ndege zisizo na rubani, na makombora yalipiga mitambo ya mafuta ya Abqaiq huko Saudia, na takriban nusu ya mafuta ya nchi ile ikasimama kwa siku kadhaa. Wahouthi wa Yemen walidai ni kazi yao, ilhali Saudia na Marekani ziliilaumu Iran, nayo ikakana. Tarehe 29 Julai, 2021 meli ya mafuta Mercer Street ilipigwa na droni karibu na pwani ya Oman, wakafa watu wawili.

Lakini kilichoipa Shahed nguvu si ufundi wake. Ni bei yake. Wataalamu wengi hukadiria kuwa moja hugharimu kati ya dola 20,000 na 50,000, hali kombora moja la mtambo wa Patriot, ambalo laweza kuitungua, hugharimu zaidi ya dola 3,000,000. Hivyo mwenye kujilinda hufilisika hata akishinda, na akiweka akiba ya makombora yake, nyumba za raia wake huungua. Waukraine walilazimika kutafuta hila za bei nafuu: rashasha zilizofungwa juu ya pikapu pamoja na taa kali za kumulika anga, maelfu ya vinasa sauti vilivyotundikwa juu ya nguzo, kusikiliza ule mngurumo na kubainisha ndege inakoelekea, mitambo ya kuvuruga ishara za setilaiti, na hatimaye droni ndogo za kuzigonga zile kubwa. Warusi nao hawakukaa: walizipaka rangi nyeusi zisionekane usiku, wakazipandisha juu zaidi, wakazitia antena zisizovurugika kwa urahisi, wakazichanganya na droni hafifu za kuhadaa ili walinzi wamalize risasi zao. Mwaka 2022 zilikuja makumi kwa usiku mmoja. Usiku wa kuamkia tarehe 9 Julai, 2025, kwa hesabu ya jeshi la anga la Ukraine, zilizorushwa, za kweli na za kuhadaa, zilifika 728. Mwezi ule ule Marekani nayo ilionyesha hadharani droni yake, LUCAS, iliyoigwa kutoka Shahed.

Nasi wa Afrika ya Mashariki tusidhani kuwa hayo ni ya mbali. Shahed za kwanza zilitoka Iran, ambayo mwezi Novemba 2022 ilikiri kuipa Urusi chache kabla ya vita vya Ukraine, lakini baadaye Urusi ilijenga kiwanda chake Alabuga, katika jimbo la Tatarstan, na kwa kukosa mikono ya kutosha ikatangaza mpango uitwao Alabuga Start kwa wasichana wa miaka 18 hadi 22. Matangazo yaliahidi tiketi ya ndege, mafunzo na kazi za huduma. Shirika la habari la Associated Press lilieleza Oktoba 2024 kwamba wasichana wapatao 200, wakiwamo wa Uganda, Rwanda, Kenya na Sudan Kusini, walikuwa wakiunganisha droni hizo, na baadhi yao walilalamikia kemikali zilizowawasha ngozi, saa nyingi za kazi, na mshahara pungufu kuliko walioahidiwa. Tarehe 2 Aprili, 2024 droni za Ukraine zilipiga mabweni ya Alabuga, na watu kadhaa wakajeruhiwa. Siwalaumu hata kidogo wasichana hao, kwani aliyemaliza shule na kukaa nyumbani bila kazi hana budi kusikiliza ahadi. Lawama yangu ni kwa waliowaficha ukweli, na kwa viongozi wetu waliochelewa kuusema.

Mzazi ambaye bintiye atamletea tangazo la Alabuga Start na amwambie mapema, kwa upole na bila kumficha, kwamba kazi inayoweza kumngoja huko ni kuunda Shahed, na kwamba mabweni atakayolala yamekwisha kupigwa.