Msimbo wa Abiria: Jinsi Hospitali za Marekani Zinavyoandika Ajali za Pikipiki za Magurudumu Manne

Majeruhi wa ajali anapotibiwa katika hospitali ya Marekani, faili lake hubeba taarifa za aina mbili, yaani jeraha alilolipata na tukio lililolisababisha, na kila moja huandikwa kwa msimbo, ambao ni mfuatano mfupi wa herufi na tarakimu unaotokana na Uainishaji wa Kimataifa wa Magonjwa. Uainishaji huo husimamiwa na Shirika la Afya Duniani, na toleo la Marekani la marekebisho yake ya kumi, lililo pana kuliko la kimataifa, lilianza kutumika katika hospitali za huko tarehe 1 Oktoba 2015. Majeraha yamo katika sura ya 19 na vyanzo vya nje katika sura ya 20, na kanuni inaagiza kwamba msimbo wa chanzo usitangulie kamwe, kwa kuwa kinachotibiwa ni mfupa uliovunjika, wala si ajali.

Ajali za vyombo vya moto vilivyoundwa kwa ajili ya kupita nje ya barabara, kama vile kwenye mchanga, theluji au ardhi yenye mawe, zimekusanywa chini ya V86. Tarakimu inayofuata nukta hueleza mambo mawili kwa pamoja, yaani nafasi ya majeruhi chomboni na mahali ajali ilipotokea, kwani 1 ni abiria katika ajali ya barabara ya umma, ilhali 6 ni abiria katika ajali iliyotokea kwingineko. Tarakimu ya pili hutaja chombo: 2 ni pikipiki ya theluji, 3 ni gari la matuta ya mchanga, na 5 ni pikipiki ya magurudumu matatu au manne. (Zile za magurudumu matatu zimebaki katika orodha ingawa watengenezaji wakubwa walikubaliana na serikali ya Marekani mwaka 1988 kuacha kuziuza zikiwa mpya, kwa sababu zilipinduka kwa urahisi mno.) Kwa hiyo V86.65 ni abiria wa pikipiki ya magurudumu manne aliyeumia nje ya barabara ya umma. Iwapo faili halisemi kama ajali ilitokea barabarani au la, vyombo vya kundi hili huchukuliwa kuwa vilikuwa nje ya barabara, kinyume na magari ya kawaida, ambayo hudhaniwa kuwa yalikuwa barabarani.

Ugumu mkubwa umo katika neno abiria. Kwa maana ya uainishaji, abiria ni mtu yeyote aliyemo chomboni asiyekuwa dereva, isipokuwa yule aliyening'inia au kukaa nje ya chombo, kama vile juu ya bampa au paa, ambaye ana msimbo wake, V86.75. Tofauti hii huonekana bila shida kwenye gari lenye milango, lakini pikipiki nyingi za magurudumu manne zimeundwa kwa mtu mmoja, ambaye huiongoza kwa usukani na pia kwa kuuegemeza mwili wake kwenye kona. Mtu wa pili anapopanda nyuma yake, uzito husogea nyuma na juu, dereva hukosa nafasi ya kujisogeza, na chombo huwa rahisi kubinuka kinapopanda mlima. Ndiyo maana idadi ya V86.65 katika kumbukumbu za mkoa au jimbo ina thamani kubwa kwa wanaopanga kinga: kila mara chombo kinapokuwa cha aina hiyo, msimbo huo unaonyesha kwamba mtu alibebwa mahali pasipokuwa na kiti chake. Lakini daktari akiandika tu kwamba mgonjwa "aliumia kwenye pikipiki ya magurudumu manne", mwekaji misimbo hana ruhusa ya kukisia, hivyo hulazimika kutumia V86.95, ya mtu asiyejulikana alikaa wapi, na maarifa hayo hupotea.

Msimbo haukamiliki bila herufi ya saba, inayotanguliwa na X ya kujaza nafasi tupu, kama katika V86.65XA. Wengi hudhani kwamba A ni ziara ya kwanza, kumbe inahusu kipindi chote cha matibabu yenyewe, hata mgonjwa akihamishiwa kwa daktari mwingine wa upasuaji. D hutumika wakati wa kupona, na S kwa madhara yanayobaki baadaye. Mahali pa tukio huongezwa mara moja tu, kwa mfano Y92.832 kwa ufukwe, na hali ya kazi hutenganisha mtalii, Y99.8, na kiongozi wa watalii anayelipwa, Y99.0.

Hakuna sharti la kitaifa nchini Marekani linalozilazimisha hospitali zote kuandika misimbo ya vyanzo, na malipo ya bima kwa kawaida hutegemea zaidi jeraha na tiba. Huo ni upungufu mkubwa, maana mashine ya picha huonyesha mfupa uliovunjika lakini haiwezi kuonyesha nani aliketi wapi. Upungufu mwingine umo katika orodha yenyewe, kwani magari madogo ya viti sambamba, yenye usukani wa duara, mikanda na fremu ya kulinda kichwa, hayajapewa tarakimu yake, ingawa abiria wake ana kiti halali na huumia kwa namna nyingine kabisa. Toleo la kimataifa huishia kwenye V86.6 bila kutaja chombo, na kwa hiyo hospitali inayolitumia, iwe karibu na fukwe za Zanzibar au kwenye njia za watalii za Jinja, itampata abiria katika msimbo, lakini aina ya chombo itabidi iandikwe kwa maneno.