Mchekeshaji Aliyerudi Darasani

Ndugu wanafunzi wa Kibondo na Kasulu! Fungueni daftari zenu. Leo tutasoma habari za mama mmoja aliyeacha maigizo akawa mtabibu wa nafsi. Maana yake nini? Mtabibu huyu hachomi sindano. Humsikiliza mgonjwa faraghani, akamsaidia kusema yanayomtesa moyoni.

Pamela Stephenson alizaliwa New Zealand mwaka 1949, akakulia Australia. Alisomea maigizo, akaenda Uingereza. Kuanzia 1979 hadi 1982 alichekesha watu katika televisheni ya BBC. Jina lake likavuma.

Baadaye alirudi darasani. Huko Marekani alisoma elimu ya nafsi, akapata shahada ya udaktari mwaka 1996. Umri wake ulikuwa umepita miaka 40, naye ana watoto. Mwaka 2001 alitoa kitabu juu ya mumewe, Billy Connolly, mchekeshaji wa Scotland. Kilieleza jinsi mumewe alivyoteswa utotoni. Kumbe anayechekesha wengine naye aweza kubeba uchungu!

Tazameni kwetu. Tangu 1993 watu wengi walikimbilia huku kutoka Burundi, na tangu 1996 kutoka Kongo. Wengi waliona vifo na moto. Jirani asiyelala wala kula kwa sababu hiyo, msimwambie amerogwa. Msikilizeni bila kumcheka, kisha mpelekeni hospitali.

Sasa jibuni: Pamela alipata shahada mwaka gani? Mtabibu wa nafsi hufanya kazi gani?

Kwaherini mpaka somo lijalo.