Ziara ya siku moja Magofu ya Tongoni: mambo ambayo kikundi kinapaswa kuyajua kabla ya safari

TANGA – Wakazi wa Kata ya Pongwe, iliyopo magharibi mwa Jiji la Tanga kando ya barabara kuu iendayo Muheza na Segera, hawalazimiki kusafiri mbali ili kuona mabaki ya mji wa kale. Magofu ya Tongoni yapo ndani ya Jiji hilo hilo, takriban kilomita 17 kusini mwa katikati ya mji, kando ya barabara ya Tanga–Pangani. Kikundi kinachoondoka Pongwe asubuhi, kiwe cha wanafunzi, cha vikoba, cha waumini au cha wafanyakazi wa viwandani, kinaweza kuyatembelea na kurejea nyumbani kabla ya jua kuchwa.

Ukaribu huo una wajibu wake. Nguzo nyingi za makaburi zilizowahi kusimama Tongoni zimekwisha kuanguka, na nguzo iliyoanguka ikavunjika hairudi kuwa ile ya awali hata ikijengwa upya. Kwa sababu hiyo, kikundi kinachokwenda huko kinapaswa kujua mambo matatu: kinachotazamwa ni nini, kinatishiwa na nini, na ziara iendeshwe vipi ili isiongeze uharibifu.

Kilichopo Tongoni

Tongoni ilikuwa sehemu ya mji wa Waswahili uliojulikana kwa jina la Mtang'ata. Katika karne ya 15 mji huo ulikuwa miongoni mwa bandari za pwani zilizofanya biashara na nchi za ng'ambo ya Bahari ya Hindi. Kilichosalia ni magofu ya msikiti, ambao kibla chake bado kinatambulika, pamoja na makaburi yapatayo 40 yaliyojengwa kwa mawe ya matumbawe na chokaa.

Mengi ya makaburi hayo ni makaburi ya nguzo, yaani yale ambayo juu ya ukuta wake ilisimamishwa nguzo ndefu ya mawe. Aina hii ya makaburi hupatikana katika pwani ya Waswahili, na Tongoni ina mojawapo ya makundi makubwa zaidi yaliyo mahali pamoja katika Afrika Mashariki. Mgeni akitazama kwa makini ataona kwenye kuta na nguzo hizo mashimo ya duara. Humo vilipachikwa mabakuli na sahani za kauri zilizoletwa kwa majahazi kutoka nchi za mbali, ikiwemo China. Vyombo hivyo vimekwisha kutoweka, na mashimo yaliyobaki ni ushahidi wa utajiri wa wenyeji na vilevile wa hasara iliyopatikana baadaye.

Mtang'ata inatajwa pia katika kumbukumbu za Wareno. Mwezi Aprili 1498, jahazi São Rafael la msafara wa Vasco da Gama lilikwama kwenye mafungu ya eneo hilo hadi lilipoinuliwa na maji kujaa, na wenyeji waliwafuata mabaharia hao kwa mitumbwi wakiwa na machungwa. Mwezi Januari 1499, wakati msafara huo ukirejea kutoka India, jahazi hilo hilo lilichomwa moto katika maji ya pwani hiyo, kwa kuwa mabaharia waliosalia hawakutosha kuendesha majahazi matatu.

Wagiriki, Warumi na pwani ya Tanga

Wanafunzi wengi wa historia huyafahamu magofu kupitia picha za Athens na Roma, na baadhi huuliza iwapo Wagiriki au Warumi waliacha majengo katika pwani hii. Jibu ni kwamba majengo ya Tongoni si yao. Yalijengwa na Waswahili, tena zaidi ya miaka elfu moja baada ya zama ambazo Roma ilistawi.

Uhusiano uliokuwepo ulikuwa wa biashara. Katika karne ya 1 Baada ya Kristo, mfanyabiashara kutoka Misri ya Warumi aliandika kwa Kigiriki mwongozo wa safari za baharini unaojulikana kwa jina la Periplus. Mwongozo huo unaiita pwani ya Afrika Mashariki Azania, na unaitaja Rhapta kuwa soko lake la mwisho upande wa kusini. Unaeleza kwamba jina hilo lilitokana na vyombo vilivyoshonwa kwa kamba, jambo linalomkumbusha msomaji wa pwani mtepe wa mababu. Unaorodhesha pia bidhaa: pembe za ndovu, pembe za faru na magamba ya kasa vilitoka Azania, mikuki, mashoka, visu na vyombo vya kioo viliingia.

Mahali ilipokuwa Rhapta pangali pakijadiliwa. Wapo wanaopendekeza Pangani, jirani na Tongoni. Profesa Felix Chami wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, kwa upande wake, ameielekeza Rufiji, ambako utafiti wake uliibua shanga za kioo za asili ya Kirumi. Kwa hiyo mgeni wa Tongoni hatazami Roma ndogo, bali hatua ya baadaye ya biashara ya bahari iliyokuwapo tangu zama za Warumi, ikiwa mikononi mwa wenyeji waliojenga kwa mawe yao na kwa ustadi wao.

Yanayoyatishia magofu

Tishio la kwanza ni bahari. Magofu yapo karibu sana na ufuko, na mawimbi hula udongo kidogo kidogo, hasa nyakati za bamvua. Upepo wenye chumvi hudhoofisha chokaa, na mvua za masika huingia katika nyufa. Mizizi ya miti iliyoota ndani ya kuta huzipanua nyufa hizo hadi jiwe likaachana na jiwe.

Tishio la pili ni mikono ya watu. Kuegemea ukuta, kukaa juu ya kaburi ili kupiga picha, kuchonga jina kwenye lipu au kuokota kigae kama kumbukumbu ni matendo madogo yanapofanywa na mtu mmoja. Yanapofanywa na kila kikundi, mwaka baada ya mwaka, hasara yake hailipiki.

Watu wa Pongwe, ambako saruji huzalishwa, wanaweza kudhani kwamba dawa ya ukuta unaobomoka ni saruji. Kwa majengo ya matumbawe na chokaa, sivyo. Saruji ni ngumu kuliko chokaa na huzuia unyevu kutoka, hivyo chumvi hujikusanya ndani na kulipasua jiwe la kale pembeni mwa kiraka. Ndiyo maana ukarabati wa majengo ya aina hii hufanywa kwa chokaa na chini ya usimamizi wa wataalamu, na kikundi chenye nia njema hakiruhusiwi kuziba ufa chenyewe.

Uharibifu unaweza kupunguzwa. Magofu ya Kilwa Kisiwani na Songo Mnara, yaliyoingizwa katika Orodha ya Urithi wa Dunia mwaka 1981, yaliwekwa katika orodha ya urithi ulio hatarini mwaka 2004. Baada ya kazi ya ukarabati na uhifadhi, yaliondolewa katika orodha hiyo mwaka 2014.

Sheria inavyoelekeza

Urithi huu unalindwa na Sheria ya Mambo ya Kale ya mwaka 1964, Sura ya 333, ambayo utekelezaji wake upo chini ya Wizara ya Maliasili na Utalii. Sheria hiyo inalinda majengo na vitu vilivyotengenezwa kabla ya mwaka 1863. Kuchimba bila kibali, kuharibu au kuondoa vitu katika eneo lililohifadhiwa ni kosa, na kusafirisha vitu hivyo nje ya nchi kunahitaji leseni. Mwananchi anayegundua kitu cha kale, hata akiwa shambani kwake, anapaswa kutoa taarifa kwa mamlaka.

Maandalizi ya kikundi

Kiongozi wa kikundi anashauriwa kuwasiliana na wasimamizi wa eneo siku kadhaa kabla ya safari, kueleza idadi ya watu na kuomba mwongoza wageni. Malipo ya kiingilio hufanywa kwa utaratibu wa malipo ya Serikali na risiti hutolewa. Kwa kuwa viwango vya raia hutofautiana na vya wageni kutoka nje, watu wazima wabebe vitambulisho.

Gari linalokodiwa liwe na leseni ya kubeba abiria. Daladala inayotoka nje ya njia yake ihakikishe ina kibali cha muda kutoka Mamlaka ya Udhibiti Usafiri Ardhini (LATRA). Kikundi kikubwa kigawanywe katika makundi madogo, kila moja na msimamizi wake, ili watu wasisongamane katikati ya makaburi. Utaratibu wa kudhibiti idadi hutumika hata Ugiriki kwenyewe: tangu Septemba 2023, kilima cha Acropolis mjini Athens kimewekewa ukomo wa wageni 20,000 kwa siku, wanaoingia kwa zamu.

Miezi ya Juni hadi Septemba hufaa zaidi kwa kuwa masika huwa yamekwisha. Kuondoka Pongwe saa 1 asubuhi huwezesha kikundi kumaliza matembezi kabla ya jua kali. Wakati wa maji kupwa, mafungu na ufuko huonekana vizuri zaidi. Kila mtu abebe maji ya kunywa, kofia na viatu vya kufunika vidole. Mifuko ya plastiki, iliyopigwa marufuku nchini tangu Juni 1, 2019, isibebwe.

Mwenendo ndani ya eneo

Tongoni ni mahali pa ibada na pa maziko. Mavazi yawe ya staha, sauti iwe ya chini, na chakula kiliwe nje ya eneo la makaburi. Wageni wapite kwenye njia wanazoonyeshwa, wasiguse lipu, wasipande kuta wala kusogeza mawe yaliyoanguka, kwa sababu mahali jiwe lilipoangukia humsaidia mtaalamu kujua lilikotoka. Picha za kawaida hazina madhara, lakini ndege nyuki isirushwe bila kibali.

Walimu wanaweza kumpa kila mwanafunzi kaburi moja la kulichora na kulieleza katika daftari: urefu wa ukuta, idadi ya mashimo ya vyombo, nyufa zinazoonekana. Kazi hiyo humfunza mtoto kutazama, na ikihifadhiwa shuleni, kikundi cha mwaka unaofuata kinaweza kulinganisha na kubaini kilichobadilika.

Kikundi kikiona ufa mpya, jiwe lililoanguka au dalili za uchimbaji, kiwaarifu wasimamizi kabla ya kuondoka, kikitaja mahali na siku. Kikundi kinachotoka Pongwe kinaweza kurudi Tongoni mara nyingi kuliko mtalii wa mbali, hivyo kipo katika nafasi ya kuyaona mabadiliko hayo mapema, wakati ukuta ungali unaweza kuokolewa.