Mkopo wa Nyumba wa Milioni 2: Mpaka Mwisho Utalipa Ngapi?

Umepata nyumba Kericho mjini na benki inakuambia ni Sh24,870 kila mwezi. Unaona utaweza. Kabla ya kuweka sahihi, hebu tupige hesabu pamoja.

Tuseme unakopa Sh2,000,000 kwa miaka 20, riba asilimia 14 kwa mwaka. Mwezi wa kwanza, Sh23,333 inaenda kwa riba. Deni lenyewe linapungua kwa kama Sh1,540 tu! Ukimaliza, utakuwa umelipa karibu Sh5.97 milioni, yaani karibu mara tatu ya ulichokopa.

Kwa miaka 10, utalipa kama Sh31,050 kwa mwezi, jumla Sh3.73 milioni. Unaokoa zaidi ya milioni 2.

Pesa ya majani chai ya kila mwezi haitoshi hiyo? Chukua muda mrefu, lakini bonasi ikiingia, peleka sehemu yake kwa deni. Kwanza uliza benki:

- Kuna faini ya kulipa mapema?
- Riba inaweza kupanda?
- Jumla mpaka mwisho ni ngapi?

Pia tenga ushuru wa stempu (asilimia 4 mjini, 2 mashambani), ada ya wakili na bima.