Brazili: Filamu «Congo» na swali la kupiga picha mizimu

Katika mwaka wa 1972, mtengenezaji wa sinema wa Brazili Arthur Omar alitoa filamu fupi ya majaribio aliyoiita «Congo». Inahusu congada, sherehe ambamo wazao wa watumwa hucheza na kumvika taji mfalme wa Kongo. Lakini mwenye kuketi akingojea wachezaji hatawaona. Sehemu kubwa ya filamu ni maandishi ya kusomwa tu. Kwa Omar, picha nzuri za ngoma humdanganya mtazamaji: anatoka akifikiri ameielewa imani ya wengine, kumbe ameona mavazi na miguu.

Swali hilo ni zito zaidi kwa Umbanda, dini iliyoenea kutoka Rio de Janeiro tangu mwanzo wa karne ya 20. Wakati wa ibada, mizimu huwapanda waumini na kusema kwa vinywa vyao, miongoni mwayo Pretos Velhos, wazee waliokufa utumwani. Mkongomani hatajisikia mgeni kabisa humo. Jina Umbanda latoka Kimbundu cha Angola, maana yake uganga. Mungu huitwa Zambi, ndiye Nzambi wa Wakongo. Mmoja wa wazee hao huitwa Maria Conga.

Kujulikana kama mwumini kulikuwa na hatari. Sheria ya mwaka wa 1890 ilihesabu uchawi na uganga kuwa makosa, na polisi ya Rio ikabeba ngoma, sanamu na mavazi ya ibada kama ushahidi. Kwa miaka mingi vitu hivyo viliitwa mkusanyo wa «Magia Negra», yaani uchawi mweusi. Ni mwaka wa 2020 tu ndipo vitu 519 vilitoka mikononi mwa polisi na kupelekwa Museu da República, baada ya viongozi wa dini hizo kuvidai.

Nelson Pereira dos Santos alishika njia nyingine. Katika «O Amuleto de Ogum» ya mwaka wa 1974, mwili wa kijana unafungwa kwa ibada ili risasi zisimdhuru, kisha anaingia kati ya majambazi wa Duque de Caxias. Msimulizi ni kipofu mpiga gitaa. Filamu haiulizi kama jambo hilo lawezekana. Inalisimulia kama waumini wanavyolijua.

Mmoja alificha ngoma, mwingine aliiamini. Wote wawili walikataa kuiweka imani ya watu mezani kama ushahidi wa kosa.