Wametuhukumu bila sisi kuwapo: koperative ifanye nini?

Tuchukue mfano. Koperative moja ya huku Mongbwalu inauzisha maharagwe kwa mnunuzi wa Bunia. Mwishoni mwa kontra kuna mustari mudogo: ugomvi wote utakatwa na mwamuzi. Watu wanatia sahihi bila kuusoma. Kisha vita inafika, wamemba wanakimbia, depo inabaki tupu. Mnunuzi anasema hakupata mzigo wote, anamuita mwamuzi. Barua ya mwito inaachwa kwenye depo ile ile, pahali hakuna mutu. Siku moja presidenti analetewa karatasi: mulipe dola 3000. Je, mambo yameisha?

Hayajaisha. Lakini siku zinaweza kuwa zimeanza kuhesabiwa.

Kwanza tuelewane. Wazee wakikaa kwenye barza wakawapatanisha, huo ni upatanisho. Hukumu ya mwamuzi ni kitu kingine: watu wawili wamekubali kwa maandishi kwamba mtu huyo atawakatia maneno, na atakachosema kitawafunga kama hukumu ya tribunali. Congo iliingia OHADA mwaka 2012, na sheria ya OHADA juu ya uamuzi wa namna hii, iliyofanywa upya Conakry mwaka 2017, inatumika tangu tarehe 15 mwezi wa 3 mwaka 2018. Sheria hiyo inakataza kukata rufaa juu ya hukumu ya mwamuzi. Ila inaruhusu kuomba tribunali ya serikali iivunje.

Juu ya nini ivunjwe? Kifungu cha 26 kinataja sababu sita. Kwa mfano wetu sababu kubwa ni hii: kila upande lazima upewe nafasi ya kusema na kujibu maneno ya mwenzake. Sababu zingine ni kama vile hakukuwa na mapatano ya kwenda kwa mwamuzi, mwamuzi aliwekwa vibaya, alitoka nje ya kazi aliyopewa, ao hakueleza sababu za hukumu yake.

Hapa tuseme ukweli: kukosa kufika peke yake hakuvunji hukumu. Kama muliitwa vizuri, barua mukaipokea, halafu mukakaa kimya, hukumu itasimama. Swali la tribunali si "mulikuwapo?" bali "mulipewa nafasi?"

Sasa muda. Kifungu cha 27 kinatoa mwezi mmoja tu tangu hukumu yenye ruhusa ya kutekelezwa (exequatur) ijulishwe kwenu. Ukipita, mlango umefungwa. Maombi yakiingia kwa wakati, utekelezaji unasimama mpaka tribunali iseme, isipokuwa mwamuzi aliamuru hukumu itekelezwe mara moja. Tribunali ina miezi 3 ya kukata. Ikishindwa, muna siku 15 za kupeleka jambo kwenye korti kubwa ya OHADA, Abidjan. Na mukumbuke: hukumu ikivunjwa, deni halijafutwa. Mnunuzi anaweza kuanza upya, ila safari hii mutasikilizwa.

Kwa hiyo, siku karatasi inafika:

Muandike tarehe na jina la aliyeipokea. Muchunge bahasha pia.

Muite kamati siku ile ile, mutafute avoka Bunia. Musingoje mukutano mukubwa. Kwa barabara yetu, wiki mbili zinapotea bure.

Mukusanye ushuhuda: lini wamemba walikimbia, nani alikuwa anachunga depo, barua iliachwa wapi, bon za mzigo na malipo.

Musimulipe mnunuzi hata franka kidogo "kwa kumutuliza" mbele avoka hajasema.

Na mbele ya kutia sahihi kontra ingine, muisome mpaka mustari wa mwisho. Muandike ndani namba za simu za watu wawili ao watatu, na mukihama, mumujulishe mnunuzi kwa barua, kopi ibaki kwenu. Depo inaweza kubaki bila watu. Koperative isibaki bila anwani.